Steringi wa Picha Bubu

Gelasius alikubali kutafsiri kwa sababu Elinaza ndiye aliyemwomba. Binti yake huyo, mwanafunzi wa chuo, alikuwa ameazima ukumbi wa kanisa kule St. James Town, mtaa wao wa ughaibuni. Alitaka Watanzania waone picha bubu, filamu ya zamani isiyo na sauti, kisha wazungumze jinsi Wazungu walivyofundishwa kumwogopa mtu mweusi. Enzi za ujana wake Mwanza, Gelasius alitafsiri filamu kwenye kibanda cha video, maiki mkononi, akimsemea kila mtu, kuanzia bosi hadi mbwa wa bosi.

Picha ikaanza. Mzungu aliyejipaka masizi usoni akatumbua macho, akakimbilia porini. Nyuma yake wapanda farasi, bunduki juu.

"Steringi huyo, shujaa wetu, kaja na farasi!" kijana mmoja, Ahmed, akapiga kelele kutoka mbele, na wenzake wakapiga makofi.

Mama Leokadia akainuka. "Gelasius, Jumamosi yetu nzima tuje kuangalia uchafu huu?"

Wengine nao wakaanza kuinuka. Elinaza akamgeukia baba yake, macho yamejaa machozi.

Kwenye picha yakatokea maandishi, yakimwita yule mtu mnyama. Gelasius akayaruka, hakuyasoma.

"Kaeni!" akafoka kwenye maiki. "Nani kawaambia steringi ni wa farasi? Steringi ni huyu anayekimbia. Anaitwa Thobias, seremala. Katoka kazini, anawahi kwake."

"Na hayo masizi?" Leokadia akauliza, yuko mlangoni.

"Mwenye picha hakutaka mtu mweusi wa kweli, mama. Angemharibia uongo wake."

Watu wakacheka, wakakaa. Lakini wapanda farasi wakamkamata Thobias, wakamvika kamba shingoni. Kule kibandani Mwanza kila mtu alijua steringi hafi. Gelasius akashusha maiki.

Elinaza akaichukua.

"Mimi ni mke ya Thobias," akasema, yeye ambaye nyumbani hujibu kwa Kiingereza tu. "Nimepika. Nimengoja yeye. Nyinyi wa farasi, amewakosea nini?"

Hakuna aliyemcheka. Leokadia akarudi kwenye kiti chake, akajifuta macho kwa ncha ya kanga.

Taa zilipowashwa hakuna aliyeondoka. Ahmed akanyoosha mkono kwanza.

"Mzee Gelasius, mimi mweusi. Mbona niliwashangilia wale?"

Gelasius akavuta kiti, akakaa miongoni mwa watu.

"Muulize mwenye shughuli," akasema, akamwonyesha binti yake.