Ukurasa wa Rangi ya Waridi

"Nataka mbwa," alisema Bwana Strudwick, mtayarishaji wa filamu, akitafuna biskuti ya mwandishi wake, Winifred, kwa kuwa yake alikuwa ameshaimaliza. "Watu wametoka vitani, binti. Wamechoka kulia. Niwekee mbwa."

Binti mwenyewe alikuwa na miaka arobaini na mmoja.

Winifred Tapley alizitazama karatasi mezani. Katika studio ile ya London, marekebisho ya kila awamu yalipigwa chapa kwenye karatasi ya rangi yake: buluu, njano, waridi. Hadithi yake ilianza ikiwa nyeupe yote. Sasa ulisalia ukurasa mmoja tu mweupe, kama jino la mwisho la kikongwe. Humo mama anamwandalia chakula mwanawe aliyezama na manowari. Hakuna anayesema neno. Winifred hakuubuni. Aliuona nyumbani kila jioni, mwaka wa saba sasa, tangu kaka yake Leonard azame.

"Tulikubaliana ukurasa huu hauguswi."

"Tulikubaliana, ndiyo. Umeniandikia filamu ngapi?"

"Kumi na moja."

"Na jina lako limetokea kwenye ngapi?" Alijipangusa makombo kwa tai. "Andika mbwa, litatokea. Ukikataa ataandika mwandishi mwenzako Percy, na jina litakuwa la Percy."

Winifred alivichukia vile vidole, ile tai, ile harufu ya biskuti iliyolowa chai. Lakini mtaka cha mvunguni huinama, naye aliinama. Alichomeka karatasi ya waridi kwenye taipureta, akamwandika mbwa kwa dakika kumi. Alimwandika vizuri, na hilo ndilo lililomuudhi zaidi.

Mwezi Machi, alasiri ya Jumamosi, alimpeleka mama yake sinema ya mtaani kwao Croydon. Filamu yao ilitangulia ile kubwa iliyowaleta watu. Jina lake lilipotokea, mama alimfinya mkono. "Laiti baba yako angekuwepo!"

Kisha sahani ikawekwa mezani. Mbwa akarukia kiti cha marehemu, akala, akalamba sahani mpaka ikang'aa. Ukumbi mzima ukaangua kicheko.

"Huyo ana adabu kuliko mume wangu!" alipaza sauti mwanamke nyuma yao, na watu wakacheka upya. Winifred alijiona mchafu mwili mzima. Mama aliuachia mkono wake polepole, akaanza kupekua mkoba, akitafuta kitu asichokipata.

Walipokuwa barabarani aliuliza, "Uliandika wewe?"

"Walinilazimisha, Mama."

"Nimekuuliza, uliandika wewe?"

"Niliandika mimi."

Jioni mama alipakua viazi na kabichi, akapanga sahani tatu kama siku zote. Ile ya Leonard aliitazama kidogo, kisha akatoa sahani nyingine kabatini, akaifunika nayo. Nyumba ile haikuwahi kufuga mbwa.