Bata wa Verna Tolliver

Jumanne saa tatu asubuhi Verna Tolliver alimaliza kubandika ubaoni picha sitini na nne za hadithi yake mpya, akaenda kukaa nyuma karibu na mlango. Katika studio ile ya katuni ya Los Angeles, mwaka 1936, kila mtunzi alisimama mbele ya ubao na fimbo, akawasimulia wakubwa hadithi yake, isipokuwa akiwa mwanamke. Za Verna zilisimuliwa na Ed Brannock, kwa sababu alikuwa na sauti nzito na alijua kulia kama ng'ombe.

Brannock alipofika picha ya tano na kusema, "Hapa ndipo wazo lilinijia," bata bukini aliyechorwa humo alishuka kutoka kwenye karatasi. Alivuka sakafu, mweusi na mweupe, bado hajapakwa rangi, akajikunyata chini ya kiti cha Verna. Ubaoni akabaki mkulima peke yake na shamba lake.

Bwana Purcell, mwenye studio, alitazama saa. "Verna, mrudishe huyo. Nina kikao saa tano."

Akamrudisha, wino ukamchafulia sketi. Brannock akasema tena "wazo langu," na bata akashuka tena. Mwishowe wakaafikiana Verna asimame kando ya ubao amshike bata shingo. Hadithi ikapita bila kupunguzwa hata picha moja.

Tangu siku hiyo Verna hakutulia. Alikula mkate wake akitembea. Mara kumi kwa siku aliingia chumba cha wapaka rangi, ambako shoga yake Opal, kavaa glavu, alikuwa akiitia miguu ya bata rangi ya manjano. Alitaka jambo moja tu: jina lake kwenye kadi ya majina ya watunzi inayotangulia filamu.

"Si umwambie mzee?" Opal alisema. "Unanizungukia hapa utadhani mimi ndiye ninayeandika majina."

Alimwambia. Purcell akamwonyesha kadi, yenye jina la Brannock na ya wanaume wawili waliowahi kucheka kikaoni.

"Imejaa, binti. Ningekuwa na uwezo ningekuweka."

Chini ya majina palikuwa peupe. Verna aliweka kiganja chake hapo, kikaenea.

"Hiyo ni nafasi ya kupumulia," Purcell alisema.

Miezi kadhaa baadaye, Jumamosi mchana, filamu ilionyeshwa kwa mara ya kwanza. Jina la Brannock lilipotokea, bata alishuka na rangi zake zote, akapita katikati ya viti, akampanda Verna magotini safu ya kumi na nne. Watu walikunja miguu kumpisha. Mkulima alifukuza hewa kwa dakika saba, na wengi walidai warudishiwe pesa zao za kiingilio.

Jumatatu Verna alipewa cheo kipya. Angesafiri na filamu, akae safu ya mbele, na kadi ikishapita amrudishe bata. Denver, Omaha, Kansas City. Alilala hotelini na viatu miguuni, na miguu ikamuuma.

Huko Chicago ilipokelewa nakala ya filamu yenye kadi mpya. Verna aliinuka kitini. Pale palipokuwa peupe paliongezwa mstari, kwa herufi nzuri, wa kumshukuru bata.

Bata mwenyewe alikuwa ameshafika miguuni pake. Verna alimsomea mstari ule, kwa kuwa bata hakujua kusoma, akambeba hadi mbele, akamsukuma ndani ya picha. Filamu ilianza kwa wakati.