Bière za Kufunguliwa Jikoni

Asubui nilikuwa napiga pasi nappe nyeupe za meza za hoteli, mi na Tante Donatille, anapikaga pale. Masomo ilifungwa sababu ya mabombe. Akaniita nimusaidie kubeba sahani, nikakubali haraka sababu ya Ganza, kaka yangu. Wale askari wa ng'ambo walimukamata mbele ya Noeli. Leo jioni wakubwa wao walikuwa wanakuja kula na wakubwa wetu, na kama wangekula vizuri, kesho wafungwa wangevuka barrière ya mpaka warudi nyumbani.

Meza ilipangwa na Kapiteni Joanita wa kwetu, aliyekulia Tanzania.

"Fungueni bia zote huko jikoni, mimineni kabisa. Hii ni dhifa ya maafisa, siyo baa."

Tante akaniangalia. Kwetu chupa inafunguliwa mbele ya mwenye kuikunywa. Anaona kifuniko inatoka, roho inatulia. Nilitaka kusema. Tukamimina.

Wakaingia, wakasalimiana na vidole tu. Kolonel Muhamadi wa ng'ambo akaangalia glasi yake, akamugeukia mukubwa wetu, akacheka.

"Ee, Major Karenzi! Kwenu bière inajifunguaga yenyewe?"

"Kunywa, Kolonel. Itapata moto."

"Anza we."

"Mi? Mi si mutumishi wako wa kuonja."

"Tuwaletee nyingine zilizofungwa," Kapiteni Joanita akasema haraka.

"Za nini?" Major akamukatiza. "Hizi ziko na nini?"

Hakuna mutu aligusa kitu. Brochette za nyama zikapoa, mafuta ikaganda.

Nilikuwa nyuma ya kiti ya Kolonel na sahani ya ndizi. Nikawaza Ganza. Nikaweka sahani chini, nikachukua glasi yake, nikakunywa yote. Nilikuwa sijawahi kuonja bière. Machozi ikatoka.

Nilifikiri atacheka. Akasimama.

"Donc, kumbe sumu munaonjeshaga watoto? Na wafungwa niwarudishie watu kama nyinyi?"

"Afande, iko sawa," nikasema. Labda hakusikia.

Wote wa ng'ambo wakasimama. Wakapanda voiture zao, wakaenda. Major Karenzi alibaki anakata nyama yake, anakata tu, hakuli.

"Belise, twende," Tante akasema. "We hukufanya kosa." Alikuwa analia.

Sasa ni usiku, Mama amelala amevaa nguo ya kesho, ile ya kupokea Ganza. Sijamuambia. Niko na namba ya ule askari wa ng'ambo aliyemupatia Ganza simu siku moja, atuambie tu, "Niko muzima." Nikaiandikia:

"Muambie Kolonel mi nilikunywa yote na sikukufa. Muambie Ganza pia."

Imesomwa. Nangoja.