Mkanda wa Mbeleko

"Nakuuliza tena, mama, na swali hili ulisikilize vizuri kabla hujajibu." Afande Yeom, mpelelezi wa makosa ya mtandaoni, aliondoa vidole kwenye kompyuta yake. "Ulipoandika yale maneno, ulitaka kuwasaidia wenzako wenye wazazi kwenye ile nyumba ya wazee, au ulitaka kumchafulia jina mkurugenzi wake?"

Hata mtoto mdogo angejua ni jibu lipi linalotakiwa. Afande alikuwa amelisogeza mbele yake kama mtu anayemsogezea mgeni kiti. Lakini Kuk Jeong-im, yule dobi wa karibu na stesheni ya Jecheon, alikuwa na ugonjwa wa kusema lililo moyoni, na ugonjwa huo haujapata dawa.

"Nilitaka afilisike," alisema. "Nilitaka akipita barabarani watu wateme mate."

Afande alishusha pumzi. "Hilo sijaliandika," alisema. "Bado."

Huku kwetu kusema kweli kunaweza kukufikisha mahakamani. Ukiandika mtandaoni jambo la kweli tupu, lakini nia yako ikawa kumchafua mtu, umevunja sheria. Ukiwa umeandika kwa faida ya umma, unaachiwa. Kwa hiyo hakuna aliyekuwa anabisha kwamba mama yake Jeong-im, Bi Bong-nye, alifungwa katika nyumba ya wazee ya Bustani ya Misonobari. Picha ilikuwepo, Jeong-im mwenyewe ndiye aliyeipiga na kuiweka kwenye kundi la akina mama wa mji: mikono miwili ya kizee imebanwa pamoja, imefungwa kwenye chuma cha kitanda. Kilichokuwa kinapimwa ni moyo wa mpiga picha. Mimi naona sheria ya namna hiyo inamtaka mtu awe malaika kwanza ndipo alalamike, lakini mimi sikuulizwa.

"Iko njia moja," Afande alisema. "Kosa hili haliendi mbele kama aliyechafuliwa hataki liende. Nenda kwa mkurugenzi mkapatane. Akisaini kwamba amekusamehe, nafunga faili, na wewe unarudi kwenye pasi zako."

"Nimwombe radhi kwa yeye kumfunga mama yangu?"

"Mwombe radhi kwa kusema. Hayo ni mambo mawili."

Hajafika hata kituo cha basi, simu ikalia. Alikuwa kaka yake mkubwa, Tae-sik, anayefanya kazi kiwandani Ulsan na ndiye anayelipia matunzo ya mama yao.

"Umeridhika sasa?" Hakumsalimu hata. "Wamenipigia. Usipoomba radhi, Jumamosi wanamtoa."

"Acha wamtoe, kaka."

"Aende wapi? Kwangu ghorofa ya kumi na mbili, mke wangu zamu za usiku? Au kwako? Umesahau reli?"

Reli Jeong-im alikuwa hajaisahau, na hataisahau mpaka anaingia kaburini.

Ilikuwa mwanzo wa baridi ya mwaka uliotangulia. Yeye alikuwa nyuma ya duka anapiga pasi, na mama yake, ambaye akili ilishaanza kumtoka, akafungua mlango wa kioo akatoka na soksi tu. Walimkuta amekaa katikati ya reli, anamenya maharage ambayo hayakuwepo. Treni ilikuwa inaingia stesheni polepole. Ingekuwa inatoka, tungekuwa tunasimulia mengine. Siku ile Jeong-im alirudi nyumbani meno yakimgongana, akafungua kabati, akatoa ile mbeleko ya pamba waliyobebewa yeye na kaka yake, akafumua mkanda wake mmoja mrefu. Ncha moja akaifunga kwenye mkono wa mama, ncha nyingine kwenye mkono wake mwenyewe.

Waliishi hivyo majira yote ya baridi. Mama akisimama, mkono wa binti unavutwa na pasi inateleza. Kola za watu ziliungua, vidole vyake viliungua, wateja wakaanza kupeleka nguo kwingine. Hakuwa na usingizi, hakuwa na faragha hata chooni. Ilipopatikana nafasi Bustani ya Misonobari, alilia kwa furaha, na kwa ile furaha akajichukia. Nyumba nyingine zote za wazee mjini zilikuwa zimejaa. Unaandikisha jina, kisha unakaa kungoja mzazi wa mwenzako afe.

Basi akanunua boksi la mapeasi, akaenda.

Mkurugenzi Ma Cheol-gyu hakumpokea kwa ukali, na hilo ndilo lililomuuma zaidi. Alikuwa mtu wa makamo, amevaa kandambili na sweta lililotoboka kiwiko, macho mekundu kwa kukosa usingizi. Jeong-im aliweka mapeasi chini, akapiga magoti sakafuni, akainamisha kichwa mpaka paji la uso likagusa vigae.

"Inuka, mama. Magoti hayafuti kitu mtandaoni," Ma alisema. "Familia tatu zimeshaondoa wazee wao. Mhudumu wangu ametukanwa sokoni mbele ya mwanawe. Nikifunga nyumba hii, waliobaki utawachukua wewe?"

Akampa simu yake asome. Maneno ya kuomba radhi yalikuwa yameshaandikwa: kwamba Jeong-im alielewa vibaya, kwamba mama yake hakufungwa bali alivalishwa kinga asijikune, kwamba wahudumu wa pale ni watu wa upendo.

"Yakae mwezi mzima, kisha nasaini," Ma alisema. "Na mama yako anabaki."

"Lakini alifungwa."

"Alifungwa." Hakukana. "Usiku mhudumu ni mmoja, wazee ni ishirini. Na nikuulize, nani alituonyesha? Siku unamleta ulimwambia muuguzi kwamba asipofungwa hatulii. Ukamwachia na kamba yenyewe. Ule mkanda kwenye picha yako, mama, ni wa kwako."

Jeong-im hakuambiwa jambo jipya. Alikuwa ameutambua siku ile ile alipoinua simu apige picha, ule uzi wa bluu pembeni aliouchezea tangu hajajua kutembea, na alikuwa hajamwambia mtu, hata yeye mwenyewe hakutaka kujiambia.

"Mimi nilimfunga kwenye mkono wangu," alisema mwishowe. "Ninyi mmemfunga kwenye chuma."

"Kwa hali aliyofikia hajui tofauti."

Jeong-im aliyaandika yale maneno ya radhi palepale, neno kwa neno, akayatuma kwenye kundi la akina mama. Ma aliangalia kwenye simu yake mwenyewe kuhakikisha, akaitikia kwa kichwa, akamwambia mapeasi yale ampelekee mama yake.

Alipofika dukani simu ilikuwa imechachamaa. Wa kwanza alimwita mwongo, wa pili mchawi wa kuvunja kazi za watu, wa tatu akauliza alihongwa kiasi gani. Yote hayo aliyameza. Aliwasha pasi ya mvuke, akatandaza shati, akajikaza. Matusi alikuwa anayastahili, ingawa si kwa sababu walizokuwa wanadhani wao.

Kisha ukaingia ujumbe wa Mama Ha-ram. Hawakuwa wanajuana kwa sura. Alikuwa mtu wa kuuliza pale kundini wapi panauzwa kabichi nzuri ya achari ya kimchi.

"Dada dobi, asante kwa kuwa muungwana na kusahihisha," aliandika. "Baba yangu yuko chumba cha jirani na cha mama yako. Tangu apooze hawezi kusema, na mimi tangu nione ile picha nimekuwa kama kichaa, nimeshamfungia hadi mizigo. Sasa nimetulia. Namwacha palepale. Umenitua mzigo ambao huujui."

Jeong-im alisoma, akarudia kusoma. Akawaza mzee asiyeweza kusema neno. Harufu ya kuungua ndiyo iliyomzindua. Pasi ilikuwa imelala juu ya shati na kulitoboa.

Alikuwa amekalia kuti kavu kila upande. Akinyamaza, mama anabaki na kitanda, kesi inakufa, kaka anatulia, na mtu mwingine anamwacha baba yake kwenye chuma kwa sababu ya uongo wake. Akisema, mama yuko nje Jumamosi na yeye yuko mbele ya hakimu. Alilia pale kwenye meza ya pasi, kwa sauti, mteja aliyekuja kuchukua koti akaondoka bila koti. Kisha akafuta uso kwa shati lililoungua na kuandika, safari hii maneno yake mwenyewe.

"Radhi niliyoomba leo ni uongo. Mama yangu alifungwa. Mkanda ni wangu, na mimi ndiye niliyewaonyesha, kwa sababu mimi pia nilimfunga, baridi nzima. Mara ya kwanza niliandika kwa chuki. Nilimchukia mkurugenzi kwa kufanya nililolifanya mimi. Mama Ha-ram, usingoje siku ya kutembelea. Nenda leo. Mwangalie mikono."

Afande Yeom alimpigia asubuhi yake. "Mama, umejimaliza. Nimekaa hapa natafuta namna ya kuandika kwamba hukuwa na chuki, na wewe umewatangazia watu elfu sita kwamba ulikuwa nayo."

"Si ndilo swali lako, Afande? Uliniuliza nia."

"Andiko hili la pili ningeweza kulitetea," Afande alisema. "Uliandika kwa ajili ya mwenzako. Lakini analoshtaki Ma ni lile la kwanza, na sasa hasamehi tena. Njoo Jumatatu. Njoo na wakili, tafadhali."

Kaka yake hakupokea simu. Kwenye kundi waliacha kumwita mwongo, wakaanza kumwita binti aliyemfunga mama yake kama ng'ombe. Wateja walikuja kuchukua nguo zao hata zisizopigwa pasi, wakizipokea bila kumtazama. Mama Ha-ram hakujibu kitu. Jina lake liliondoka kundini jioni ile, na kama alikwenda kumwangalia baba yake au hakwenda, Jeong-im hakupata kujua.

Jumamosi gari la Bustani ya Misonobari lilimshusha Bi Bong-nye mlangoni, na mfuko wa nguo zake. Nguo zilikuwa safi. Juu kabisa, umefuliwa na kukunjwa vizuri, ulikuwa ule mkanda.

Jeong-im alimkalisha mama yake karibu na jiko, akampa wali na supu ya mwani, akamfunga kitambaa kifuani. Alikuwa amejiapiza kwamba mkanda ule hataugusa tena. Lakini sare za wafanyakazi wa reli, kazi pekee iliyobaki, zilitakiwa kabla ya saa kumi. Mlango ulikuwa ule ule wa kioo, na nyuma ya barabara treni ya mizigo ilikuwa inapiga honi. Alizunguka duka zima akitafuta wazo lingine, akafika hadi kujaribu kusogeza mashine ya kufulia izibe mlango. Ilimshinda. Akaurudia mfuko, akautoa mkanda, akajifunga ncha moja kwenye mkono wake wa kushoto.

Bi Bong-nye aliuona. Aliweka kijiko chini bila kuambiwa. Akakutanisha mikono yake miwili, kifundo kwa kifundo, akaiinua mbele kwa adabu kama mwanafunzi aliyelishika somo.

"Leo sijasumbua," alisema, kwa ile sauti ya heshima mtu anayomsemesha mgeni aliye kazini. "Sijasumbua hata kidogo."

"Mama, ni mimi. Ni Jeong-im."

"Ndiyo, muuguzi."

Jeong-im alichutama mbele yake. Alichukua mkono mmoja tu, akaufunga polepole, akiacha nafasi ya vidole viwili asiumie. Mkono wa pili akaushika, akaurudisha mapajani, akaupapasa ukae hapo. Ulikaa kidogo. Kisha ukainuka wenyewe, ukarudi kando ya mwenzake, ukangoja kufungwa.