Mtihani wa Mchicha

Kilichomponza Mama Pindo ni koti la mvua. Jirani alilianika kwenye kamba uani, Mama Pindo akapita, akalisalimia, lisimjibu, naye akasimama kulisema kwa kukosa adabu. Yangeishia pale pale. Lakini jirani alikuwa mlangoni amebeba wanawe pacha, akayaona yote, na kwa jirani yule siri ni mtama mbele ya kuku. Wiki haikuisha, kifungua mimba wa Mama Pindo akawa amefika kutoka mjini anakoishi, yeye na mkewe na begi kubwa lisilo na kitu ndani. Mama Pindo alilipapasa lile begi wenyewe wakiwa wanaoga. Akajua ni la nguo zake.

Jina la Mama Pindo alipewa na wateja. Alishona sare za shule tangu ujana wake, na pindo alilolishona yeye halikufumuka hata mtoto apande miti. Sasa macho yalikuwa yamemgeuka. Pembeni aliona, tena vizuri tu; katikati ndipo palipokaa ukungu. Akimtazama mtu usoni, uso unapotea, yanabaki masikio. Daktari wa macho alimwambia kilichokwisha kuondoka hakirudi. Siri hiyo alimpa mtu mmoja tu, kitinda mimba wake, binti anayeuza katika duka la dawa mtaa wa pili, na kabla ya kumpa alimwapisha.

Huyu mwanawe mkubwa kazi yake ni kukagua lifti za maghorofa. Mtu wa namna hiyo haamini kitu mpaka akijaribu, na akishajaribu anataka kurudia. Asubuhi ile, chai haijapoa, akasema lake.

"Mama, mimi sitaki maneno mengi. Mchana wa leo pika mboga mbele yangu. Mchicha tu, wa kukaanga. Ukipika tukala, na hakuna kilichoungua, narudi kwangu na habari ya kuhama sitaitaja tena. Ukishindwa, tunaondoka wote."

"Nimekulea kwa mchicha, leo mchicha ndio unipe mtihani."

"Ndiyo, Mama."

Mama Pindo alipajua kwa mwanawe. Ghorofa ya tano, kiti kizuri, chai ya kuletewa, na hakuna pa kwenda. Hapa kwake alikuwa na cherehani, ua, na mlango ambao mkono wake uliukuta bila kuutafuta. Kwake yeye, kwenda kule kulikuwa sawa na kukunjwa na kuwekwa kabatini. Kitinda mimba hakwenda dukani siku hiyo; alimvuta pembeni akamwambia, "Usinisaidie. Hata kikohozi sitaki. Nikishinda nishinde mwenyewe."

"Na ukiungua?"

"Nimesema hata kikohozi."

Basi akaingia jikoni amejikaza kisabuni, akapeleka mkono kwenye kisu, kisu hakipo. Akapeleka kwenye ubao wa kukatia, hola. Mkwe wake alikuwa ameamka mapema akasugua rafu zote, akapanga kila kitu upya kwa urefu, makopo makubwa nyuma, madogo mbele. Mkwe yule hana ubaya hata chembe. Maradhi yake ni usafi. Lakini mwenye macho kama ya Mama Pindo haishi na vitu, anaishi na mahali pa vitu, na mahali pote pale palikuwa pamevurugwa kwa mapenzi.

Mwana alikuwa amekaa mlangoni, mikono kifuani. Ndio ukaguzi wenyewe huo.

"Nani kaniingilia jiko langu?" Mama Pindo akauliza.

"Ni mimi, Mama," mkwe akajibu kwa furaha. "Nimekupangia. Si umeona kulivyopendeza?"

"Nimeona. Na vumbi umeliacha."

Masikini, hakukuwa na vumbi. Mama Pindo alichukua kitambaa cha jikoni, kile alichokishona mwenyewe kwa mabaki ya sare, akaanza kufuta rafu polepole huku ananuna, na chini ya kitambaa vidole vikagusa kila kitu kimoja kimoja. Kisu hiki. Ubao huu. Chupa ya mafuta. Kopo, kopo, kopo. Mkwe alikuwa karibu kulia kwa kusingiziwa, na Mama Pindo alimwonea huruma, lakini angefanyaje? Alipomaliza akakiweka kitambaa kando ya jiko, akashusha pumzi.

Kukata hakukumpa shida. Kisu kilifuata kucha. Mchicha alikuwa ameuosha na kuukung'uta ndani ya taulo mpaka ukakauka, maana jani lenye maji likikutana na mafuta ya moto linakurushia usoni bila kujali umri wako. Akawasha kiberiti kwanza, akakisogeza, ndipo akafungua gesi. Moto ukashika. Aliusikia ukishika, na nyuma yake akamsikia kitinda mimba akitoa pumzi aliyokuwa ameizuia. Mtoto huyu atanitoa roho, akawaza.

Mafuta yakaanza kusema. Akatia kitunguu saumu akakisubiri kwa pua. Kuna harufu ya kwanza, kali, ya kibichi. Kisha inakuja ya pili, tamu. Ukichelewa inakuja ya tatu, na ya tatu ni ya kutupa. Ilipofika ya pili akaumwaga mchicha wote kwa mkupuo. Jiko zima likalia. Tone la mafuta likamrukia kwenye kifundo cha mkono, akaung'ata ulimi, hakuutikisa mkono. Akageuza majani, akageuza tena, mpaka kile kilima kikanywea ndani ya kikaango.

Ikabaki chumvi. Alichukua kopo dogo la mbele, akalamba kidole. Sukari.

"Chumvi hiyo hapo mbele yako, Mama," mkwe akasema.

"Nimeambiwa iko mbele yangu," akajibu, "sijaambiwa imeomba ruhusa ya nani kuhamia huko." Akawa anaongea huku mkono wa pili unakwenda kwenye kopo jingine. Akalamba. Chumvi. Akatia, akakamua ndimu, akageuza mara ya mwisho.

Kuzima jiko kulikuwa na kanuni moja. Swichi unaizungusha mpaka iseme "ta". Bila "ta" hujazima. Kanuni hiyo alijiwekea mwenyewe na hajawahi kuivunja. Alikuwa ameishika swichi, anaizungusha, mwana ndipo alipouliza, kwa ile sauti yake ya kuuliza hili akitafuta lile, "Mama, na shati langu la leo unalionaje?"

Mtego huo. Lakini Mama Pindo alimkumbatia mwanawe asubuhi, na vidole vya fundi havikumbatii bure.

"Shati zuri," akasema. "Ila kifungo cha pili kutoka juu hakipo. Na usimtazame mkeo. Mikono unayo."

Mkwe aliangua kicheko, kitinda mimba naye, na hata mkaguzi wa lifti akacheka kwa kushindwa. Mama Pindo akaipua kikaango akiwa na raha tele moyoni. Kwa mara ya kwanza tangu lile koti la mvua, alijiona yeye ni yeye.

Walikula chumba cha mbele. Mchicha ulikuwa mbichi kidogo kwenye shina, laini kwenye jani, unang'aa mafuta. Mwana alikula, akaongeza, akaongeza tena. Mwisho akasukuma sahani.

"Basi. Neno ni neno. Mama unabaki."

Nyumba yake. Kamba yake ya uani. Mama Pindo akashika ukingo wa meza kwa mikono miwili.

Ndipo akazisikia bangili za kitinda mimba zikielekea jikoni, haraka, si mwendo wa mtu anayefuata maji. Kisha, kutoka jikoni, ndogo sana: ta.

Wengine hawakusikia, au walisikia wasijue. Mama Pindo alijua. Binti alirudi na bilauri ya maji, akamwekea, na mkono wake ulipopita karibu na pua ulikuwa unanuka nguo iliyoungua.

"Kitambaa changu kiko wapi?" Mama Pindo akauliza.

"Kitambaa gani, Mama?" Sauti ilikuwa imepanda juu kidogo. Tangu utotoni akidanganya hupanda hapo hapo.

Angeweza kunyamaza, na neno lilikwisha kutoka. Mwana angepanda basi, binti angetunza siri mpaka kaburini. Mama Pindo alikunywa maji ili apate muda, na muda haukumsaidia. Ukuta wa jiko lake ni ukuta wa jirani. Upande wa pili hulala wale pacha. Kesho kitinda mimba atakuwa dukani, na hiyo "ta" ataisikia nani?

"Sikuzima jiko," akasema.

"Mama," binti akaanza.

"Kilete, mwanangu."

Kitambaa kililetwa. Mama Pindo akakipitisha vidoleni. Pindo aliloshona lilikuwa zima pande tatu. Upande wa nne palikuwa na tundu la kupitisha ngumi, ukingo wake mkavu, unamomonyoka. Chumba kizima kilimwangalia akilizungusha lile tundu. Hakulia. Alikuwa na hasira na mkono wake mwenyewe, na ile raha ya shati ikamwingia kama sumu.

"Nilikuwa nakujibu wewe," akamwambia mwanawe. "Nikasahau kusikiliza."

Mwana hakufurahi kushinda. Sauti ilimtoka nyembamba. "Mboga ilikuwa nzuri, Mama."

"Najua ilikuwa nzuri. Wewe hukuja kwa ajili ya mboga." Akakikunja kitambaa, tundu likaenda ndani. "Cherehani inakuja. Kikaango kinakuja. Na huko kwenu chumvi ikae kushoto, mtu asiiguse."

"Itakaa kushoto, Mama," mkwe akasema, na sasa alikuwa analia waziwazi.

Kisha mwana akauliza jambo ambalo angepaswa kuliuliza kabla ya mtihani wote ule. "Mimi unaniona?"

"Nikikutazama, hapana. Unapotea. Kwa pembeni ndiyo."

Kiti kilikwaruza sakafu. Mwana alinyanyuka nacho, akazunguka meza, akakaa ubavuni mwa mama yake, karibu mpaka mabega yakagusana. Mama Pindo hakugeuza kichwa. Aliendelea kutazama mbele, ukutani, na taratibu mwanawe akamjia, sikio, shavu, nywele.

"Kumbe umeota mvi," akasema. "Na hakuna aliyeniambia."