Tumba Lililofungwa Uzi

"Umelifunga uzi?"

Ilimbidi wifi yake Mama Majira apige magoti na kumsemea sikioni, maana ulikuwa bado mwezi wa Pamba.

Mama Majira, mtunza bustani, aliendelea na kazi yake. Alikuwa akifuta majani kwa kitambaa kibichi, moja baada ya jingine, kama alivyofanya kila asubuhi. Ua la Pamba lilikuwa limechakaa, weupe wake umegeuka rangi ya chai ya maziwa. Kando yake tumba la ua la Kengele lilikuwa limevimba, limeiva, na limefungwa uzi mweusi wa kushonea.

Mji mzima uliishi kwa maua ya bustani hii. Ua likifunguka, mwezi umeingia. Lingine likifunguka, huo umetoka. Na kila ua lilikuja na mambo yake. La Pamba lilifyonza sauti. Jogoo akiwika uliona mdomo tu, na mlango uliobamizwa ulikuwa kama mto ulioanguka kitandani. Watu walilivumilia kwa sababu halikuwa na desturi ya kukaa. Safari hii lilikaa.

"Watu wanasema, wifi. Wanasema umeulalia mwezi kama kuku aliyelalia mayai viza."

"Nani kasema?"

"Uliza nani hajasema! Muuza maziwa anapiga kelele mpaka mishipa inamtoka shingoni, hakuna anayetoka na sufuria. Jirani yangu peke yake ndiye anayekuombea dua. Wakwe zake wamekuja kukaa, anasema usilifungue kabisa."

Mama Majira alijua hapo ni pa kucheka. Alisubiri kicheko kije. Hakikuja, akahamia jani jingine.

Mumewe alikuwa fundi mabati. Karakana yake ilipakana na ukuta wa bustani, na miezi mingine yote nyundo ililia humo kutwa nzima: ndoo, makarai, mifereji ya maji ya mvua. Homa ilimchukua ua la Pamba likiwa limekwisha kufunguka. Walimzika vinywa wazi, machozi yakitiririka, na hakuna aliyesikia kilio cha mwenzake. Tangu hapo mkewe aliamka, akapika, akala, akaja kazini. Kimya cha karakana hakikumshtua. Mwezi wa Pamba nyundo haisikiki hata kama inagonga. Ndivyo ilivyokuwa kila mwaka.

"Likifunguka nitasikia," alisema.

"Sema kwa nguvu, sikusikii!"

"Nyundo! Likifunguka nitasikia kwamba haigongi."

Wifi yake aliutazama ukuta wa karakana. Kisha akakaa chini kwenye udongo, akiwa na gauni lake safi la kazini, gauni la fundi cherehani asiyekubali hata kijiuzi kining'inie.

"Yule alikuwa kaka yangu," alisema, mdomo ukigusa sikio la mwenziwe. "Nimelia mpaka koo limenichubuka, wifi. Hakuna aliyenisikia. Hata mimi sijajisikia. Siku nyingine najiuliza kama nimelia kweli."

Mama Majira aliutazama uzi. Ulikuwa umezama kwenye ngozi ya tumba, na pale ulipobana palianza kuwa peusi. Alijua maana yake. Tumba likizuiwa mno huoza kwa ndani, na likioza hakuna mwezi unaofuata.

Alichukua mkasi wa kupogolea.

"Nikushikie? Usije ukalikata."

"Mkono hautetemeki."

Kweli haukutetemeka. Wifi yake aliutazama mkono ule mtulivu kwa hofu, maana haukuwa mkono wa mtu aliyefiwa.

Uzi ulianguka. Tumba lilikaa vile vile kwa muda, kisha petali moja ya manjano ikabanduka. Ya pili ilikwama; Mama Majira akaifungua kwa ukucha, taratibu. Nyingine zikafuata zenyewe.

Sauti zilianza kuingia kutoka mbali. Gurudumu la mkokoteni. Jogoo. Mtu akikohoa, ufagio uani, mtoto akililia maziwa. Mtaa wa pili mtu alishangilia, akashtuka kwa sauti yake mwenyewe, akanyamaza.

Wifi yake alifumbua kinywa ili alie.

"Subiri," Mama Majira alisema, na sauti yake ilikuwa imekauka kuliko alivyoikumbuka. "Subiri kwanza."

Wifi yake akaziba mdomo kwa kiganja. Wote wawili wakageuza nyuso zao upande wa ukuta wa karakana, wakatega sikio.