Paa la Rangwe

Saa tisa na nusu mchana wa Ijumaa, Bochaberi alikuwa amesimama juu ya kreti ya soda nyuma ya soko la Rangwe, akisukutua koo kwa maji ya chumvi, huku mama yake Nyanchoka akimalizia upindo wa gauni alilolivaa. Kitambaa chake cha buluu kilitoka kwa Noordin, mwenye duka la nguo mjini Migori. Kila mchezo mpya wa jukwaani ulipokuja, Noordin alipima mita sita na kusema, "Huyu ni mtoto wa nyuma ya duka langu. Apendeze." Hakukosea, maana Nyanchoka alikuwa ameshona sare za shule katika chumba cha nyuma ya duka hilo kwa miaka ishirini na sita, na Bochaberi alijifunza kuimba pale pale, akishindana na mngurumo wa cherehani.

Ndani ya mkoba wa Nyanchoka mlikuwa na kalenda ya kanisa, ile inayoonyesha dakika ya jua kuzama kila Ijumaa, ili Msabato asiseme hakujua. Ya leo ilikuwa saa kumi na mbili na dakika thelathini na nane.

"Mnamaliza saa ngapi?" Nyanchoka aliuliza, pini mdomoni.

"Kumi na mbili na robo, Mama. Obura amepima."

"Sabato ya Obura ni keshokutwa. Yeye ana haraka gani?"

Obura, aliyekuwa akikaza uzi wa orutu yake, fidla ya uzi mmoja iliyowahi kuwa ya babu yake, alicheka. "Mama, haraka ninayo. Kuna kuku ananingoja nyumbani, na wanangu hawana huruma."

Watu walikuwa wameshaanza kufika kutoka Rongo na Karungu, kila mmoja na kiti chake. Waliketi kwenye nyasi kwa mistari, wakaacha njia katikati, wakaacha na nafasi ya kuta pande zote nne. Wa safu ya tatu walikuwa na miavuli. Uwanjani hapakuwa na kitu kingine ila mawe matatu ya msingi, yaliyowekwa na wageni rasmi watatu katika miaka tofauti, na bango lililosema UKUMBI WA SANAA WA RANGWE.

Sauti ya Bochaberi ilikuwa na tabia ya kuinua majengo tangu utotoni. Alipokuwa na miaka kumi na mmoja, darasa lao huko Migori lilikuwa na kuta tatu. Ya nne ilikuwa imeahidiwa kabla hajazaliwa. Siku moja mvua ilipiga ndani, na mwalimu Mellen akamwambia aimbe ili wenzake wasilie kwa baridi. Aliimba, na ukuta wa nne ukaja, umepakwa rangi ya krimu juu na kahawia chini, na ramani ya Kenya ikining'inia kwenye msumari. Mwalimu Mellen aliutazama, akasogeza meza yake mahali pakavu, akasema, "Endelea mpaka mvua ikatike. Na kama unaweza, weka dirisha." Bochaberi aliliweka kwenye ubeti wa pili.

Kadiri alivyokua ndivyo ilivyojulikana kwamba sauti yake huinua tu kile kilichoahidiwa kisijengwe. Nairobi, alikoigiza na kuimba miaka kumi na mmoja, majumba ya michezo yalikuwa na kuta zake tayari, kwa hiyo hapakutokea jambo lolote ila watu kusimama na kupiga makofi. Alitunzwa ngao mbili. Aliitwa Kampala, akaitwa Dar es Salaam. Gazeti moja liliandika kwamba ana sauti ya kujaza ukumbi, na watu wa kwao waliposoma wakasema mwandishi amejitahidi, ila amefika nusu.

Alirudi akiwa na miaka thelathini na minne, na mchezo wake mwenyewe wa nyimbo, *Malkia wa Omena*, kuhusu mchuuzi wa dagaa anayegoma kuondoka sokoni. Hakurudi kwa kushindwa. Alirudi kwa sababu alijua kazi yake na alitaka kuifanya mahali alipohitajika. Kule Karungu aliimba saa tatu mfululizo kando ya zahanati, kwa kuwa wodi ya wazazi ilikuwa imeahidiwa muda mrefu na kuna mama aliyekuwa hawezi kungoja zaidi. Mtoto alipolia, Bochaberi alinyamaza, na mama na mtoto wakabaki kwenye nyasi, juu ya godoro walilokuja nalo. Muuguzi aliandika katika daftari: amezaliwa wodini.

Hapo Rangwe alikuwa na wasichana kumi na wawili kutoka Rongo aliowafundisha kila Jumapili. Ni hao waliomfanya akubali maneno ya Bwana Ogweno.

Bwana Ogweno alikuwa katibu wa Kamati ya Ukumbi. Alifika kwake Jumatatu, akakubali chai, akakataa mkate.

"Dadangu, Ijumaa kuna mkaguzi anakuja. Saa kumi kamili. Wewe imba tu. Akiuona ukumbi, anatia sahihi, tunapumua, halafu tunajenga polepole bila kusumbuliwa. Na ukumbi utaitwa kwa jina lako."

"Akishaandika kwamba umejengwa, mtajenga nini tena?"

"Yawa, hayo ni mambo ya ofisi." Alikunywa chai. "Bila mkaguzi hakuna kibali cha uwanja. Na bila uwanja, hao watoto wako wataimbia wapi? Kwa barabara?"

Bochaberi alifikiri kidogo, akakubali, kwa sharti moja: jua likizama, mdomo unafungwa. Ogweno akasema hiyo haina neno, mkaguzi ni mtu wa saa.

Hakumwambia Ogweno alichokuwa amepanga. Ukumbi wa Rangwe ulikuwa na kawaida zake. Alipoimba, ulikuwa na kuta na paa. Aliposema maneno makavu, kuta zilibaki bila paa, ndiyo maana msimu wa masika mchezo ulikuwa na nyimbo nyingi kuliko mazungumzo. Na kila alipovuta pumzi, paa lilifunguka kiasi cha sinia, juu kabisa ya safu ya tatu. Alipanga mkaguzi akae hapo. Binadamu yeyote, alijiambia, akiona paa linafunguka na kufungika kwa pumzi ya mwanamke mmoja, ataelewa kwamba hakuna ukumbi, na ataagiza ujengwe. Aliamini hivyo kwa moyo wake wote. Kosa lake lilikuwa kuamini saa ya mgeni rasmi.

Saa kumi aliimba wimbo wa kwanza na ukumbi ukasimama, na viti vya watu vikajikuta juu ya sakafu ya saruji. Ulikuwa na mlango wa mbao wenye zulia dogo la kupangusia viatu, na taa nne, moja haiwaki. Watu walivua kofia. Kiti cha katikati cha safu ya tatu kilikuwa kitupu.

Saa kumi na moja Ogweno alinyanyua simu pembeni ya jukwaa na kunong'ona, "Amefika Kisii. Anakunywa chai." Bochaberi alirudia wimbo wa soko, na watu hawakulalamika, walikuwa wameupenda. Saa kumi na mbili Ogweno akasema, "Yuko Rongo, amesimama kununua ndizi." Akaurudia ule wa ugomvi wa mizani, na Obura akamtupia jicho la kumkumbusha kuku wake. Saa kumi na mbili na dakika thelathini na moja gari jeupe liliingia uwanjani, na mkaguzi, mtu mpole mwenye miwani aitwaye Okemwa, alipangusa viatu kwenye zulia, akaingia kwa mlango, akaonyeshwa kiti chake.

Ulibaki wimbo mmoja.

Bochaberi aliuimba kama alivyojua kuuimba, bila kubana kitu. Alipovuta pumzi ya kwanza, sinia la anga likafunguka na manyunyu yakamwangukia Okemwa juu ya faili. Mama mmoja kando yake alimsogezea mwavuli. Okemwa alitazama juu. Bochaberi, akiimba, alimwona akitazama juu, na moyo wake ukaruka. Kisha Okemwa akafungua faili na kuandika, na yule mama, ambaye alijua kusoma, baadaye aliwaambia watu alichoandika: *Hewa inaingia vizuri.*

Dakika ya thelathini na saba, Nyanchoka, safu ya mbele, alitoa kalenda mkobani na kuiweka magotini. Hakumpungia binti yake. Hakuwa na haja.

"Vuta hiyo ya mwisho, Madam!" Ogweno alinong'ona kutoka pembeni. "Dakika tano tu, hajasaini!"

Noti ya mwisho ya *Malkia wa Omena* ni ndefu. Nairobi alikuwa akiivuta mpaka watu wanaanza kupiga kelele, na pumzi ya dakika tano aliitengeneza kwa kazi ya miaka. Angeweza. Aliwatazama wasichana wake kumi na wawili waliosimama kando ya ukuta, akamtazama mkaguzi na kalamu yake. Kama hewa haikumwambia kitu, basi nyasi zitamwambia. Akaipa noti ile mapigo manne, kama ilivyoandikwa, akafunga mdomo.

Ukumbi uliondoka kwa utaratibu wake, paa kwanza, kisha ukuta wa nyuma na kuta za kando. Mlango ulikawia kwa sababu kuna mzee alikuwa ameushika akitoka. Okemwa alijikuta ameketi kwenye nyasi katikati ya watu, na ng'ombe wa mtu akapita mahali palipokuwa na jukwaa. Makofi yalikuwa marefu.

Okemwa aligeuka huku na huku. "Bwana Katibu, ukumbi uko wapi?"

"Umefungwa, Mkuu," Ogweno akajibu. "Sabato imeingia."

"Aa." Okemwa alitazama saa yake. "Ni kweli."

Ogweno alimsogelea Bochaberi, jasho likimtoka. "Basi imba hata wa kanisa. Huo si dhambi."

Nyanchoka ndiye aliyejibu, akikunja kalenda. "Wa kanisa ataimba asubuhi, na hautainua hata kigingi. Kanisa letu tulijenga wenyewe, kila mtu alikuja na tofali lake kichwani. Hakuna kinachongoja pale."

Bochaberi alishuka akasimama mbele ya mkaguzi. Alisema polepole, kwa sauti ya kawaida, ile isiyoinua kitu. "Mkuu, hakuna ukumbi. Kuna mimi tu. Nikinyamaza, ni hivi unavyoona."

Okemwa alivua miwani, akaifuta manyunyu. "Nimekuona, Madam. Umeimba vizuri sana. Mke wangu alikuona Nairobi, hachoki kunisimulia." Kisha akaweka faili juu ya goti na kutia sahihi. Chini ya sahihi aliandika: *Ukumbi umekamilika na unatumika. Hufungwa siku ya Sabato.*

Watu walikunja viti. Obura alikwenda kwa kuku wake. Nyanchoka alimfunika binti yake shuka begani, akatembea naye mpaka kwenye lami.

"Umekasirika?" aliuliza.

"Kidogo."

"Kasirika mpaka kesho jioni. Jumapili una watoto."

Baada ya mwezi, bango lilipakwa rangi mara ya nne, na chini ya jina likaongezwa neno UMEKAMILIKA. Jiwe la nne liliwekwa kando ya yale matatu. Bochaberi alipokea barua ya kumteua kuwa mtunza ukumbi, na ndani ya bahasha mlikuwa na ufunguo. Jumapili iliyofuata aliimba, mlango ukaja, akajaribu ufunguo. Uliingia kitasani bila shida. Aliuweka kwenye mkufu pamoja na ule wa nyumbani kwake.

Kisha akawapanga wasichana nusu duara na kuwafundisha jambo ambalo wanakwaya wote hujua: kwamba wimbo mrefu hauimbwi kwa kifua kimoja. "Msivute pumzi pamoja. Cate, wewe vuta baada ya 'soko.' Wewe ngoja mpaka 'mizani.' Mwenzako akipumua, wewe umebeba."

Mwanzoni hawakuinua kingi. Cate, mdogo kuliko wote, alitoa kizingiti cha dirisha, cha saruji, kizuri, akakitazama na kusema, "Mwalimu, changu kimepinda." Bochaberi akamwambia kila fundi huanza hivyo. Wengine walitoa boriti, mabati mawili, bawaba. Walirudia tena. Walirudia Jumapili saba.

Jumapili ya nane ilinyesha mvua ya kweli, yenye upepo kutoka ziwani. Uwanja ulijaa. Bochaberi alianza peke yake na ukumbi ukasimama, na alipofika mwisho wa ubeti wa kwanza watu wa safu ya tatu walifungua miavuli yao, kama kawaida. Akavuta pumzi. Wasichana kumi na wawili wakaubeba wimbo, kila mmoja mahali pake. Paa halikufunguka.

Wa safu ya tatu walingoja kidogo, wakatazama juu, wakakunja miavuli yao na kuiweka chini ya viti. Nje mvua iliendelea kupiga mawe manne, na bango, na mbuzi wawili waliokuwa wakijikuna kwenye nguzo yake. Bochaberi, pumzi imejaa kifuani, alingoja zamu yake, kisha akaingia.